Kaizari na Bikoni: shajara ya kundi moja na michezo miwili

Januari, mvua zinaendelea

Kundi limekubali mpango wa mwaka, hata wale walionuna. Michezo miwili, waigizaji walewale. Wa kwanza ni Juliasi Kaizari, mchezo wa Shakespeare katika tafsiri ya Mwalimu Nyerere. Wa pili tutautunga wenyewe, unahusu viwanja vya Dodoma, na kwa sasa tunauita Bikoni, kwa jina la jiwe la mpaka wa kiwanja. Tutafungua Julai, baada ya mavuno. Huku kwetu mvua ni msimu mmoja, Desemba hadi Aprili, na nusu ya kundi wana mashamba ya mtama, uwele na alizeti upande wa Chamwino na Bahi. Mwongozaji atakayepanga mazoezi mazito wakati wa palizi ataongoza viti vitupu.

Walionuna ni vijana. Mmoja wao, ambaye kwa kipaji anawazidi wote, aliniuliza mbele ya wenzake: "Dada, sasa sisi ni kundi la klasiki au la kisasa? Watu wakituuliza tuseme nini?" Swali hilo nimekuwa nikiulizwa tangu natoka chuo cha sanaa Bagamoyo, na anayeuliza huwa tayari ana ngazi kichwani. Chini kabisa michezo ya uelimishaji, katikati vitabu vya mtihani, juu Shakespeare na Wagiriki. Ukipanda umekua, ukishuka umefulia.

Mimi ngazi hiyo nimeipanda na kuishuka bila mpangilio. Baada ya chuo nilianza na vyandarua na UKIMWI, michezo mifupi ya sokoni huku gari la mradi likisubiri injini ikiwaka. Kisha nikazunguka sekondari na vitabu vya kidato: Ngoswe ya Edwin Semzaba, Kilio Chetu, Orodha. Sijakutana na hadhira kali kuliko ile. Mtoto aliyesoma Ngoswe kwa ajili ya mtihani anajua Mzee Mitomingi lazima achome karatasi za sensa, na ukichelewesha moto anakukumbusha kwa sauti. Katikati ya hayo kulikuwa na arusi, u-MC, na sinema kadhaa ambazo sitazitaja.

Kijana nilimjibu kwa tarehe. Mwaka 1969 Mwalimu alitoa Kaizari iliyorekebishwa, ile ya kwanza ikiwa imetoka 1963, na mwaka huohuo ikatoka tafsiri yake ya Mabepari wa Venisi. Mwaka huohuo tena Ebrahim Hussein akatoa Kinjeketile. Vitabu hivyo viliingia kwenye rafu zetu pamoja. Anayesema kimoja ni cha kale na kingine cha kisasa anionyeshe vilipishana wapi. Hakuridhika. Alitaka jina la kuandika kwenye fulana.

Februari, kusoma

Tunasomea kwenye mkeka, ua wa nyuma kwa mama wa maleba, anayetushonea mavazi ya jukwaani, Chang'ombe. Mvua ikija tunahamia barazani na kusoma kwa kupokezana kwa sababu bati halimruhusu mtu kusikika.

Kwa sababu ya mkeka huo niliwasimulia habari za Peter Brook, aliyezaliwa London mwaka 1925 na kufariki 2022. Mwaka 1955 aliongoza Titus Andronicus, mchezo wa Shakespeare ambao wengi waliuona hauongozeki, Laurence Olivier akiwa ndani. Mwaka 1964 akaongoza Marat/Sade ya Peter Weiss, mwandishi aliyekuwa hai na mchezo ukiwa mpya kabisa. Mwaka 1970 akarudi kwa Shakespeare, akamweka ndani ya sanduku jeupe lenye bembea. Halafu, Desemba 1972, akavuka Sahara na waigizaji wake, wakafika Niger na Nigeria. Kijijini walitandika zulia, wakaanza. Mwaka 1985, nje ya mji wa Avignon, Ufaransa, akaonyesha Mahabharata ndani ya machimbo ya mawe, mchezo wa saa tisa hivi. Mtu kama huyo utamweka rafu gani?

Kuna jambo moja katika safari ile ya zulia ambalo silipendi, na nililisema. Walikuja kutafuta mchezo usiohitaji lugha. Sisi lugha tunayo, na mwanakijiji wa Mvumi anayo, tena anaitumia kwa ukali. Sioni sababu ya kumtandikia zulia kisha nimnyime maneno.

Wa kwetu ninayemtolea mfano ni Amandina Lihamba. Ameigiza, ameongoza, amefundisha, ameandika. Hawala ya Fedha aliitoa kwenye hadithi ya Sembène Ousmane, yaani kazi ya Senegali ikavaa mwili wa kwetu; na Harakati za Ukombozi aliiandika pamoja na Penina Muhando na Ndyanao Balisidya. Hakuna aliyemdai aseme yuko upande gani.

Mgawanyo wa nafasi umekamilika. Brutus ni mwalimu wa shule ya msingi. Anaongea taratibu, na watu humwamini hata anapotaja bei ya nyanya. Kaizari ni mzee wetu, dereva wa basi mstaafu. Cassius nimempa dada anayeuza vitenge Sabasaba. Wengine waliguna. Nikawaeleza kwamba Phyllida Lloyd aliongoza Kaizari nzima kwa wanawake watupu, London, mwaka 2012, mandhari ikiwa gereza la wanawake. Na kwamba Shakespeare mwenyewe alikuwa na wavulana waliovaa magauni, kwa hiyo hapo hakuna mwiko wa kuvunja. Kaizari ina wanawake wawili tu wenye maneno, Calpurnia na Portia, na mimi nina wanawake wengi kuliko wanaume. Hesabu ndiyo iliyoamua.

Antony ni yule kijana wa fulana. Anaongoza nyimbo za kusifu kanisani kwao Ipagala, na sauti yake inajua kupanda.

Machi, umati

Mwezi huu tumefanya kazi moja tu: hotuba mbili juu ya maiti ya Kaizari, aliyeuawa na Brutus, Cassius na wenzao; ya Brutus, na ya Antony, rafiki wa Kaizari. Brutus anasema kwanza, kwa nathari, sentensi zilizopimwa kama za mtu anayesahihisha madaftari. Watu wanamkubali. Kisha anafanya jambo ambalo mtu yeyote wa Dodoma, mji wa mikutano, angemzuia: anamwachia Antony kipaza sauti na anaondoka. Antony anasema kwa ushairi, anasema mwisho, na anasema wakati mpinzani wake hayupo. Mzee wetu wa basi, ambaye kwa wakati huo amelala chini akiwa maiti, aliinua kichwa: "Huyu Brutus hajawahi kwenda hata kwenye kikao cha arusi?"

Kijana wetu alianza kuhubiri. Kila mstari ulipanda, kila mstari ukadai "Amina". Nilimwachia mara ya kwanza ili aone mwenyewe anaishia wapi: anafika nusu ya hotuba hana tena pa kupanda. Tumekubaliana kwamba robo ya kwanza aseme kama mfiwa anayeomba radhi kwa kuchukua muda wa watu. Kiswahili kinaweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, na mwigizaji mvivu hudondosha ile ya mwisho kabisa, neno linamfia mdomoni. Nje, penye bodaboda, silabi ile ikipotea umepoteza maana. Kwa hiyo tunafanyia mazoezi miisho.

Lakini hotuba ni nusu tu. Nusu ya pili ni umati. Kazi ya mwongozaji kama tunavyoijua leo imepitia hapahapa, kwenye mchezo huuhuu. Mwaka 1874 kundi la Mtawala Georg wa Pili wa Saxe-Meiningen lilipeleka Kaizari mjini Berlin, na kilichowashangaza watu ni umati. Georg aliugawa katika vikundi vidogo, kila kikundi kikaongozwa na mwigizaji mzoefu, kila mtu akapewa jambo lake la kufanya. Kabla ya hapo umati wa jukwaani ulikuwa watu waliokodiwa kupiga kelele. Stanislavski, mwongozaji wa Urusi, aliliona kundi hilo Moscow mwaka 1890, na mwaka 1903 ukumbi wake ukafanya Kaizari, Nemirovich-Danchenko akiongoza, Stanislavski mwenyewe akiwa Brutus.

Sina watu wa kugawa vikundi vingi. Nina mama wa muheme.

Nilikwenda Chamwino kumwona Mama Mkubwa anayeongoza kundi la ngoma pale. Muheme hupigwa na wanawake, ngoma ikiwa imebanwa katikati ya mapaja, na mizizi yake iko unyagoni. Masharti yake yalikuwa wazi: nyimbo za unyago haziji jukwaani, haijalishi mji ni upi na mgeni ni nani. Watakuja na za mavuno na za kusifu, na wenyewe ndio watakaochagua. Nilikubali kabla hajamaliza. Nilichokuwa nakitaka ni watu wanaojua kujibu kwa pamoja bila kupewa ishara, nao hilo wanalijua tangu wasichana.

Katikati ya mwezi tulipeleka onyesho hilo pembezoni mwa soko la Majengo, bila mavazi, bila tangazo. Mama wa muheme walisimama katikati ya wanunuzi. Antony akafika kwenye wosia. Anaonyesha karatasi yenye muhuri wa Kaizari, anasema hawezi kuisoma, anaombwa, anakataa, anaombwa tena. Mwisho anasema: kila raia drakma 75, na zaidi ya hapo Kaizari amewaachia bustani zake zote za upande huu wa mto Tiber, wao na warithi wao milele.

Mama mmoja mwenye beseni la karanga, si wa kundi letu, akauliza kwa sauti ya kawaida kabisa: "Hati ameisoma nani mwingine?"

Kijana aliduwaa. Umati ukageuka kumtazama yule mama. Nilisimamisha mazoezi pale, kwa sababu sikuhitaji kitu kingine siku hiyo.

Nimekuwa nikiusoma mchezo huu tangu chuoni kama mchezo wa urafiki na usaliti, jinsi tulivyofundishwa. Kwa mama wa karanga ni mchezo wa ardhi. Na ukifungua kitendo cha nne, onyesho la kwanza, anapata jibu lake: Antony amekaa na Octavius na Lepidus, washirika wake katika utawala mpya, wanaweka alama kwenye majina ya watakaouawa, kisha Antony anamtuma Lepidus nyumbani kwa Kaizari akauchukue ule wosia, waangalie namna ya kupunguza yaliyoahidiwa. Maneno machache, yanapita haraka, na waongozaji wengi wa zamani walilikata onyesho hilo zima. Kwangu halikatwi. Hapa Dodoma ndilo onyesho lenyewe.

Aprili, karatasi

Mwezi wa karatasi na simu. Shakespeare alifariki 1616, hana anayemdai. Tafsiri ina mwenyewe. Mwalimu alifariki tarehe 14 Oktoba 1999, na sheria yetu ya hakimiliki inalinda kazi maisha yote ya mwandishi na miaka 50 baada ya kifo chake. Kwa hiyo barua zimekwenda, pamoja na maombi ya kibali cha BASATA, Baraza la Sanaa la Taifa, na ya Jiji kwa ajili ya Nyerere Square. Makundi mengi madogo huruka hatua hii yakidhani kitabu kilichosomwa shuleni ni cha kila mtu. Sitaki mchezo unaouliza hati iko wapi uchezwe na kundi lisilo na hati.

Ukumbi tuliokuwa tumeulipia kianzio kwa siku za mvua umetuhamishia tarehe. Bunge la bajeti limeanza, mji umejaa, na kumbi zinapangishwa kwa semina zenye viti vyenye vitambaa. Tumerudishiwa hela, angalau. Sasa ni nje moja kwa moja.

Bikoni inakua. Waigizaji wamekuwa wakienda wawiliwawili Nzuguni, Ihumwa, Nkuhungu, kusikiliza watu. Sharti ni kwamba hakuna jina la mtu, namba ya kiwanja wala kisa kizima kitakachoingia; tunachukua namna watu wanavyosema. Historia inajulikana. TANU iliamua mwaka 1973 kwamba makao makuu yahamie hapa. Miaka mingi uamuzi ule ulikuwa kwenye karatasi kuliko kwenye udongo. Serikali ilipoanza kuhamia kwa kasi kuanzia 2016, Dodoma ikawa jiji Aprili 2018, Mji wa Serikali ukaanza kujengwa Mtumba, na treni ya SGR ikaanza kuleta abiria mwaka 2024, shamba la mtama la babu likapata bei ambayo babu hakuwahi kuitamka.

Kisa chetu: baba mdogo amebaki na shamba la marehemu kaka yake. Watoto wa marehemu wanakuja kutoka Dar es Salaam kwa treni, wa kwanza dada mtu. Kuna dalali. Na kuna bikoni, lile jiwe la zege lenye namba, ambalo kila asubuhi linakutwa limesogea hatua mbili. Hakuna anayelisogeza mbele ya macho yetu.

Dalali nimempa yule kijana wa Antony. Dada mtu ni Cassius wetu. Baba mdogo ni Brutus. Mgawanyo huu haukuwa wa bahati: nataka mtu aliyeona Kaizari Jumamosi amwone dalali Jumapili na ajiulize sauti ile ameisikia wapi.

Mei, maleba

Mama wa maleba hataki shuka jeupe. Anasema Mrumi wa shuka jeupe ni picha ya kanisani wakati wa Pasaka na watu watacheka mahali pasipochekesha. Suti nazo tulizikataa, maana ukimvika Kaizari suti hapa Dodoma kila mtazamaji ataanza kubahatisha ni nani, na mchezo utakuwa umefungwa kabla haujafunguliwa. Mwaka 1937 Orson Welles alifanya Kaizari New York kwa sare zilizofanana na za mafashisti wa Italia, na kwa wakati wake ilikuwa na nguvu. Mwaka 2012 Gregory Doran aliiweka katika nchi ya Afrika isiyo na jina, waigizaji wote weusi, kwa kundi la Royal Shakespeare. Kila mmoja alikuwa na hadhira yake.

Suluhisho lilikuwa kwenye njia ya mnadani. Rubega. Kitambaa kimoja kilichofungwa begani, Mgogo anakivaa, Mmasai anakivaa, na ukikitazama kwa jicho la kitabu ni vazi la Mrumi. Maseneta rubega nyekundu iliyofifia, umati kaniki. Damu ya Kaizari haitaonekana kwenye nyekundu, kwa hiyo yeye peke yake anavaa nyeupe. Mzee amefurahi kupita kiasi.

Kengele: katika kitendo cha pili saa inagonga, katika Rumi ambako saa za kugonga hazikuwepo. Walimu wa fasihi hupenda kulionyesha kosa hilo. Tunaligonga kwa rimu ya gari iliyoning'inizwa, kama shuleni.

Mwisho wa mchezo ni ngoma. Vijana walidhani ni ujanja wangu wa kuwafurahisha mama wa Chamwino. Nikawasomea habari za Thomas Platter, Mswisi aliyekwenda London na kuona mchezo wa Kaizari tarehe 21 Septemba 1599, ndani ya nyumba iliyoezekwa nyasi. Aliandika kwamba waigizaji walikuwa kama 15, na kwamba mchezo ulipokwisha walicheza ngoma kwa ustadi mkubwa. Paa la nyasi, watu 15, mchana, ngoma mwisho. Nilipomaliza kusoma dada wa vitenge akasema, "Kumbe wametuiga." Basi.

Juni, upepo

Upepo wa mashariki umeanza na vumbi lake. Tumehama mara kadhaa ndani ya uwanja uleule. Jukwaa likitazama mashariki, upepo unairudisha sauti kooni. Likitazama magharibi, upepo unaipeleka sauti kwa watu, lakini jua la saa kumi linawapiga waigizaji usoni na wanafanya njama huku wamekunja macho. Nimechagua sauti. Tutaanza saa kumi na nusu, chini ya mti, na walio na mistari mirefu watasimama kwenye kivuli. Maiki zipo kwa ajili ya matangazo tu. Spika inamfanya kila mtu asikike anatoka kona moja, na umati wangu umesambaa.

Kazi ngumu mwezi huu ni mbili zinazopingana, na kila siku nahama kutoka moja kwenda nyingine bila hata kunywa chai vizuri. Kaizari maneno hayasogei, kwa hiyo nakata. Vita vya Filipi, vya mwisho wa mchezo, vimebaki mifupa. Nimeacha onyesho la Cinna mshairi, anayekutwa barabarani na umati uliokwisha kupandishwa na Antony. Jina lake linafanana na la mmoja wa wauaji. Anajieleza kwamba yeye ni mshairi. Wanamuua hata hivyo, mmoja akisema auawe kwa mashairi yake mabaya. Welles alilishikilia onyesho hilo ambalo wengine walizoea kulitupa. Katika mji wowote wa kwetu ambako neno "mwizi" likipigwa sokoni watu huokota mawe kabla ya kuuliza, halina haja ya maelezo.

Bikoni kinyume chake: maneno hayaachi kuota. Kila mwigizaji anarudi na sentensi tamu aliyoisikia kwenye daladala. Jana nimefunga muswada. Kuanzia sasa anayeongeza neno anatoa neno. Wamelalamika kwamba mchezo wa kisasa lazima uwe huru. Hussein aliifanya Kinjeketile iwe yake, akaeleza kwenye utangulizi kwamba Kinjeketile wa jukwaani si nakala ya yule wa historia, lakini ukiushika muswada wake hukuti neno linaloelea. Uhuru wa mtunzi unaisha pale mwigizaji anapohitaji kujua avute pumzi wapi. Hili nimelijifunza kwa Shakespeare, na kule kwa Shakespeare ninatumia sikio nililolipata kwenye vyandarua, kwa sababu mchezo wa uelimishaji unakufundisha kujua dakika ile ambayo mama mwenye mtoto mgongoni ameamua kuondoka.

Julai, shoo

Jumamosi Nyerere Square, Kaizari. Watu wengi kuliko viti, jambo ambalo viti vyetu vinalifanya liwe rahisi. Sanamu ya mtafsiri ilikuwa nyuma ya hadhira na mzee wetu wa basi alidai alikuwa anaihutubia yeye.

Kilichokwenda vizuri: miisho ya maneno ilifika. Kilichoenda polepole: njama za kitendo cha kwanza, watoto walianza kukimbizana. Kilichonishangaza ni wosia. Mama wa muheme walipoanza kudai usomwe, hadhira iliunga, na pale kijana alipotaja bustani watu walipiga makofi, makofi ya kweli, ya kushukuru. Walimwamini. Kisha wakaona kitendo cha nne, Antony anaagiza wosia ukachukuliwe upunguzwe, na mwanamume mmoja nyuma akapaza sauti, "Si nilisema!" Hakuwa amesema chochote.

Onyesho la Cinna lilifanyika katikati ya watu. Mmoja wa watazamaji, kijana mkubwa, alimsukuma mwigizaji wetu aliyekuwa anakuja kumpiga mshairi. Mwigizaji aliyumba, akaendelea kwa kuzunguka upande mwingine. Hilo nitalitafutia utaratibu kabla ya Kongwa. Mtazamaji anayemtetea Cinna ni wa thamani kuliko mchezo wenyewe, ila sitaki mtu avunjike mkono.

Jumapili, Bikoni. Dalali alipoingia na mkoba wake, kabla hajafungua mdomo, kona ya mama wa sokoni ikaanza: "Huyuhuyu! Wa jana huyu! Wa wosia!" Kijana hakujikanyaga. Alisubiri, akawapa mkono mmoja mmoja, akaanza mistari yake robo ya kwanza kwa sauti ya mfiwa, vilevile kama tulivyofanya juu ya maiti ya Kaizari. Sikumwelekeza hivyo. Dada wa vitenge alimjibu kwa ukali wa Cassius, na kwa muda mfupi michezo miwili ilikuwa inachezwa mahali pamoja na watu wote walikuwa wanajua.

Bikoni bado ina tatizo la mwisho. Baba mdogo anaondoka bila neno na hadhira ikamfuata kwa maswali hadi nyuma ya turubai. Wengine walitaka kujua jiwe limeishia wapi. Brutus wetu, mtu mwema, alianza kuwaeleza. Nimemkataza.

Chamwino tulicheza Bikoni peke yake, mbele ya watu wanaoujua muheme kuliko sisi. Huko ngoma ilikula mchezo. Nimeikubali kama ilivyo. Mgeni akiwa hodari kuliko mwenyeji, mwenyeji anapika.

Agosti, hesabu na yanayofuata

Kofia tuliyopitisha kwa watazamaji ililipa nauli na chai. Posho ya waigizaji ilitoka kwenye shoo mbili za vitabu vya kidato tulizofanya shuleni katikati ya wiki, kwa hiyo ile ngazi ya vijana ingekuwa na kazi ya kueleza nani anamlisha nani. Kongwa wametuita kwa Kaizari, Kondoa kwa Bikoni. Mpwapwa wanataka zote mbili siku moja. Nimewaambia wazee wangu hawana mapafu ya namna hiyo.

Ya mwaka ujao imeanza kujadiliwa. Nataka Mfalme Edipode, tafsiri ya Samuel Mushi ya mwaka 1971. Sophocles ana kiitikio cha wazee wa mji kinachoimba, kinachouliza na kinachoogopa kwa niaba ya watu, na tauni imeushika mji. Watu wa kujibu kwa pamoja ninao. Kando yake tutatunga mchezo wa maji, maana Dodoma maji ni habari ya kila siku.

Nimempigia Mama Mkubwa. Akataka asikie kisa chote kabla ya kusema lolote. Nikamsimulia kwa simu: mtoto aliyetupwa, njia panda, mzee aliyeuawa, mfalme aliyemwoa mjane. Nilipofika kwa mjane ni nani, akakaa kimya, kisha akasema, "Mwanangu, hilo muheme hauliimbi. Ila mama akishajinyonga atazikwa na nani? Hapo labda." Tumekubaliana tuzungumze ana kwa ana. Ijumaa naenda Chamwino na sukari na majani ya chai, na muswada, na dada wa vitenge anisaidie kuusoma kwa sauti.